Mji Mkongwe kwa Miguu



Likizo iliyopita sisi mafrateri tisa wa falsafa tulivuka bahari kwenda Unguja. Ilikuwa safari ya siku moja: boti ya asubuhi kutoka Dar es Salaam, boti ya jioni kurudi. Nauli tulichangishana, na baada ya nauli hatukubakiwa na cha kutupeleka Changuu kuwaona kobe wala kwenye mashamba ya karafuu. Tukaamua kutembea Mji Mkongwe kwa miguu, saa mbili hivi, na mwongozaji mmoja. Parokia nyingi siku hizi huandaa safari za namna hii, mara kwaya, mara WAWATA, mara vijana wanaojiandaa kwa Kipaimara, kwa hiyo tumeona tuseme neno. Maoni yetu ni kwamba safari hizo ziendelee na ziongezeke. Lakini msiende kama tulivyokwenda sisi.

Sisi tulikwenda na hadithi tayari mfukoni. Tunaijua tangu shule ya msingi: Waarabu waliuza watu, wamisionari wakaja wakawakomboa, soko likafungwa, kanisa likajengwa juu yake. Hadithi hiyo si ya uongo. Soko lilikuwapo, lilifungwa mwaka 1873 Sultani Barghash alipotia sahihi mkataba na Waingereza, na kanisa lipo hadi leo. Ila ndani ya hadithi hiyo tulikuwa tumejiwekea viti vya mbele. Tulitaka kutembezwa ili tuthibitishiwe kwamba sisi ni wa upande uliokomboa.

Mwongozaji tulimpata Forodhani, baada ya kuwakwepa vijana wanaowaandama wageni tangu bandarini, wale ambao wenyeji huwaita mapapasi. Alikuwa mzee wa miaka sitini hivi, kofia nyeupe kichwani, kitambulisho cha kazi shingoni. Tulimwamkia, akaitikia marahaba, akataja bei. Tukaanza kumbembeleza. Tulisema sisi ni wanafunzi, tulisema sisi si wazungu, tulisema tuko wengi. Akashuka, tukamsukuma ashuke tena, akashuka. Hatukuona ubaya wowote. Ni baadaye sana, tukiwa Mkunazini, ndipo mmoja wetu aliponong'ona kwamba tumepatana bei na mzee ili atuonyeshe mahali watu walipopatanwa bei. Hakuna aliyemjibu. Jioni, kabla ya kuagana, tulimrudishia kile tulichomkata, naye alikipokea bila kuuliza ni cha nini.

Kanuni yake ya kwanza ilikuwa ya usalama. Vichochoro vya Mji Mkongwe ni vyembamba kiasi kwamba mtu akinyoosha mikono hugusa kuta zote mbili, na bado vespa na baiskeli hupita humo. "Mkisikia honi nyuma yenu, msigeuke kutazama. Jibaneni ukutani kwanza, mtatazama baadaye."

Kanuni ya pili ndiyo tunayotaka kuiandika kwa wino mzito. Alituambia: "Wanangu, leo nitawapa maneno matatu. Nikisema najua, nimehakikisha. Nikisema nasikia, ndivyo inavyosimuliwa, msiende kuapa nayo. Na yale mtakayoyaona wenyewe sina haja ya kuwaambia." Tumesoma muhula mzima nadharia ya maarifa, tumemsoma Plato juu ya tofauti ya maoni na ujuzi, tumeandika insha. Katika madaftari yetu yote hakuna mahali jambo hilo limekaa kwa ufupi kiasi hicho. Na mzee aliishika kanuni yake kutoka mwanzo hadi mwisho. Mbele ya mlango mkubwa wa kuchongwa, wenye mnyororo uliochorwa kuzunguka fremu, tulimwuliza kama ni kweli mnyororo ule ulimaanisha kwamba mwenye nyumba alikuwa mfanyabiashara wa watumwa. "Nasikia," akasema. "Nasikia pia kwamba ni wa kulinda nyumba. Fundi aliyeuchonga simjui." Akaendelea kutembea.

Tulisimama kidogo Ngome Kongwe. Waomani waliijenga baada ya kuwafukuza Wareno mwishoni mwa karne ya 17, na ndani ya kuta zake mna mabaki ya kanisa la Wareno lililokuwapo kabla yake. Tulifurahi kusikia hivyo. Tulianza hata kutafuta mawe ya kanisa hilo, kama mtu anayetafuta jina la babu yake ukutani. Mzee akatuacha tutafute, kisha akasema kwa upole tu kwamba kanisa lile lilifika kwenye meli moja na mizinga. Hakusema zaidi. Tuliporudi seminarini tuliingia maktaba, na tukakuta kwamba mwaka 1452 Papa Nikolao V alimpa mfalme wa Ureno hati ya kuwashambulia Wasaraseni na wapagani na kuwatia katika utumwa wa kudumu. Haki inatudai tuseme pia kwamba mwaka 1435 mtangulizi wake, Eugeni IV, alikuwa amelaani kuwafanya watumwa wenyeji wa visiwa vya Kanari, na kwamba Gregori XVI mwaka 1839 aliikataza biashara hiyo waziwazi. Yote mawili yamo katika rafu moja. Mhubiri anayechukua karatasi moja na kuacha nyingine anawadanganya waamini, hata kama kila neno analolisema ni kweli.

Beit al-Ajaib tuliipita haraka. Sultani Barghash aliijenga mwaka 1883, na sehemu yake iliporomoka siku ya Noeli mwaka 2020 na kuua watu wawili. Tuliitazama kutoka nje, tukanyamaza, tukaingia vichochoroni.

Hapo ndipo raha ya kutembea ilipoanza kweli. Mtu aliyepita mji kwa gari ameona majengo. Anayetembea anaona baraza. Mbele ya karibu kila nyumba kuna benchi la mawe lililojengwa pamoja na ukuta, na juu yake wamekaa watu: mmoja anachambua mchele, wawili wanacheza dhumna, mwingine hafanyi chochote. Mgeni anaweza kuketi hapo na kuzungumza bila kuingia ndani kwenye faragha ya wanawake. Mvua kubwa ikijaza njia maji, watu hupita juu ya mabaraza kana kwamba ni daraja. Mzee alitukalisha kwenye mojawapo bila kumwomba mtu ruhusa, na mama mmoja alipotoka akatusalimu na kurudi ndani, kama vile vijana tisa wasiojulikana huketi mlangoni pake kila siku. Tulifikiri juu ya nyumba nyingi za mapadre tunazozifahamu: ukuta, geti, kengele, na mbwa. Tunajua wezi wapo. Lakini mtu mwenye shida ya kuongea dakika kumi tu, bila kuandikishwa na karani wa parokia, aketi wapi?

Tukafika Minara Miwili, Kanisa Kuu la Mtakatifu Yosefu, lililojengwa kati ya 1893 na 1898. Minara yake tulikuwa tumeiona tangu baharini, lakini ukiwa vichochoroni hupotea kabisa hadi utakapotokeza mbele ya mlango. Tulipoingia tukapiga goti, na tulipotoka mzee alikuwa ametungojea kivulini. Alikuwa ameshatutambua, labda kwa rozari mkononi mwa mmoja wetu. "Hapa nyinyi ndio wenyeji," akasema. "Nitembezeni mimi. Nani waliileta dini yenu hapa, na walitoka wapi?"

Tulitazamana. Mafrateri tisa. Mmoja akasema, "Wamisionari." Mzee akauliza, wa wapi? Akajibu, wa Ulaya. Mzee akatikisa kichwa kama mwalimu asiyetaka kumwaibisha mtoto, kisha akasema, "Hili najua. Walitoka Réunion."

Ni aibu tuliyostahili, na tumeilipia maktaba. Mwaka 1860 padre Armand Fava alifika Unguja kutoka kisiwa cha Réunion, pamoja na wenzake na masista wa shirika la Mabinti wa Maria. Shirika hilo lilikuwa limeanzishwa Réunion mwaka 1849, muda mfupi baada ya Ufaransa kufuta utumwa huko mwaka 1848, na liliwapokea wanawake waliokuwa watumwa. Mwaka 1863 kazi ikashikwa na Mapadre wa Roho Mtakatifu, na mwaka 1868 wakavuka kwenda Bagamoyo, ambako kuna mengi tunayoyajua zaidi.

Lakini Réunion ni nini? Kilikuwa kisiwa cha mashamba, kama jirani yake Morisi, na mashamba yale yalilimwa na watu waliochukuliwa Madagaska na pwani yetu. Mwaka 1776 Mfaransa aitwaye Morice alifunga mkataba na Sultani wa Kilwa apewe watumwa 1,000 kila mwaka. Mnunuzi huyo alitoka katika ufalme uliojiita wa Kikatoliki, na watu aliowanunua walikwenda kwenye mashamba ya watu waliokwenda Misa Dominika. Kwa hiyo imani ilitufikia kupitia kisiwa ambacho kwanza kilitununua. Na pengine wale masista ndio walioelewa kuliko mtu yeyote walikuwa wanakwenda kwa nani. Habari hii haitupunguzii imani. Inatuondolea kile kiti cha mbele.

Wale mapadre na masista waliwanunua watoto sokoni ili wawape uhuru. Tulipokuwa wadogo jambo hilo lilitufurahisha bila swali. Sasa tunajua kwamba kila fedha iliyomkomboa mtoto iliingia mfukoni mwa aliyemleta, naye aliweza kurudi bara kutafuta mwingine. Tungefanya nini sisi? Tumeijadili kwa muda mrefu chumbani, na tumegawanyika. Wengine wetu wanasema mtoto aliye mbele yako hawezi kungoja nadharia yako ikamilike. Wengine wanasema huruma inayolisha soko ni lazima ijiulize. Tunaandika hapa kwamba hatujakubaliana.

Kwenye kona iitwayo Jaws tulikunywa kahawa chungu kwa kashata, tukasikiliza siasa, tukaelekea Mkunazini.

Kanisa Kuu la Anglikana la Mkunazini lilianza kujengwa siku ya Noeli mwaka 1873, miezi michache tu baada ya soko kufungwa, chini ya Edward Steere aliyekuwa askofu baadaye kidogo. Huyu ndiye aliyejifunza Kiswahili cha Unguja na kuandika juu yake, kwa hiyo hata Kiswahili tunachoandikia makala haya kinamdai shukrani. Mbele ya altare kuna duara la marumaru sakafuni. Nasikia, alisema mzee, kwamba hapo ndipo uliposimama mti wa kuchapia watu. Kuna msalaba wa mbao wa mti ambao chini yake moyo wa Livingstone ulizikwa kule Chitambo. Kuna nguzo zilizosimikwa kichwa chini miguu juu, nasikia wakati askofu hayupo.

Nje, ndani ya shimo la mstatili, kuna sanamu za watu watano wenye mnyororo shingoni, kazi ya msanii Msweden Clara Sörnäs ya mwaka 1998. Tuseme kilichotokea. Tulifika pale, tukajipanga, mmoja akamwomba mtalii atupige picha, na tukatabasamu. Tisa tumesimama juu, watano wamesimama shimoni, wote wanaonekana katika picha moja. Mzee alingoja. Hakutukemea. Tulipoitazama picha ile kwenye simu, aliyekuwa ameishika aliifuta bila mtu kumwambia.

Kisha tukashuka kwenye vyumba vya chini. Dari iko chini, unainama. Kuna majukwaa ya mawe na vitundu vyembamba vya kupitisha hewa. Tulikuwa tumesikia kwamba humo ndimo watumwa walimosongamana wakingoja kuuzwa, na tayari wawili wetu walikuwa wameanza kuomba kimyakimya. Mzee akasema, "Hapa nasikia."

Akaeleza. Nyumba iliyo juu yetu ilikuwa hospitali ya misheni, iliyojengwa baada ya soko kufungwa. Waongozaji wengi husema vyumba vile ni vya kale kuliko nyumba yenyewe. Wako wanahistoria wanaosema vilijengwa pamoja na hospitali, kwa matumizi ya hospitali. Mmoja wetu alikasirika waziwazi, akauliza kama basi tumedanganywa, kama hakuna kitu. Mzee akamjibu taratibu: "Soko lilikuwa hapa nje. Watu waliuzwa hapa. Hilo najua. Halihitaji shimo ili liwe kweli."

Tumeyarudia maneno hayo mara nyingi tangu siku ile. Ni wangapi kati yetu, tunaojiandaa kusimama mimbarani, tumeanza tayari kuongezea shuhuda chumvi kidogo ili ziguse? Mgonjwa aliyepata nafuu anakuwa mfu aliyefufuka. Tunadhani tunaisaidia imani. Mzee yule angeweza kutuacha tulie mle ndani, na tungemlipa vizuri zaidi. Alichagua tutoke na hakika moja badala ya machozi mengi.

Kuna jambo jingine tulilolipata mle chini, hata kama vyumba vile vilikuwa vya dawa. Muhula uliopita tulisoma kitabu cha kwanza cha Siasa cha Aristotle, pale anapodai kwamba kuna watu walio watumwa kwa maumbile. Ilikuwa swali la mtihani: eleza hoja. Tulieleza hoja. Tuliigawa katika hatua, tukapata alama nzuri, na hakuna mhadhiri aliyetuzuia kuikosoa, ila sisi wenyewe tulitumia muda wote kuieleza na mistari mitatu ya mwisho kuikataa. Mkunazini mmoja wetu alijaribu, kwa mzaha, kuisema ile hoja kwa sauti. Alifika hatua ya pili akaacha. Siyo kwamba alipata hoja mpya ya kuipinga. Aliona ni nani angeisikiliza. Hoja hiyo haikubaki darasani hata zamani: mwaka 1550 kule Valladolid, Sepúlveda aliitumia dhidi ya wenyeji wa Amerika, na askofu Mdominikani Bartolomé de Las Casas akampinga. Na huyo Las Casas naye, miaka ya nyuma, alikuwa amependekeza Waafrika wapelekwe kama watumwa badala ya wenyeji wale, jambo alilolijutia baadaye. Hata mtetezi wa wanyonge alikuwa na wanyonge asiowaona.

Tulipotoka nje mzee aliketi, akavua kofia akajifuta jasho, akasema, "Wageni wote huniuliza Waarabu walifanya nini. Nanyi mmeniuliza hivyohivyo tangu asubuhi. Hakuna anayeniuliza mimi nimetoka wapi."

Tukamwuliza.

Mama yake bibi yake aliletwa Unguja akiwa mtoto, kutoka Nyasa. Ilikuwa baada ya soko kufungwa, kwa magendo, maana kufunga soko hakukumaliza biashara. Utumwa wenyewe uliendelea kuwa halali Unguja hadi 1897, na masuria walisubiri hadi 1909. Alikulia katika nyumba ya watu, akapewa jina jipya, akafundishwa sala, akaolewa, akafa Mwislamu mwema. Familia inajua jina alilopewa. La kwanza, lile aliloitwa na mama yake, halijulikani. Wanamwita tu Mnyasa.

Tunakiri kwamba tulikaa kimya kwa muda usio mfupi. Tangu asubuhi tulikuwa tunatembea nyuma ya mtu huyu tukidhani yeye ni wa upande wa wauzaji kwa sababu ya kofia yake, na sisi ni wa upande wa waliokombolewa kwa sababu ya rozari yetu. Wengi wa wajukuu wa waliouzwa pale hawako katika makanisa yetu. Wako misikitini, wanaswali, na wengine wao huwatembeza Wakristo wanaokuja kuulizia dhambi za Waislamu.

Mwenzetu mmoja anatoka mwambao wa Ziwa Nyasa. Alimwuliza, "Babu, alitoka upande gani wa ziwa?" Mzee akasema, "Sijui. Nasikia ziwa tu." Mwenzetu akawa anayataja majina ya vijiji, kimoja kimoja, polepole, kutoka kaskazini kushuka kusini, kama anayejaribu funguo kwenye kufuli. Mzee alimsikiliza hadi mwisho. Hakuna kijiji alichokitambua. Lakini aliposimama alimshika mkono, na njia nzima hadi sokoni Darajani walitembea wameshikana mikono, wawili hao mbele, sisi wanane nyuma.

Kwenye boti ya jioni, mwenzetu huyo alitueleza jambo ambalo hajawahi kulisema seminarini, na ametukubalia kuliandika. Kwao kuna ukoo ambao watu hawaoi kirahisi. Wazee husema kwa sauti ya chini kwamba wale ni "watu wa kununuliwa", kwamba babu yao aliachwa na msafara au alitolewa kulipa deni. Shangazi yake aliposwa na kijana wa ukoo huo. Matangazo ya ndoa yalisomwa kanisani Dominika tatu na hakuna aliyesimama kutaja kizuizi. Kizuizi kilitajwa nyumbani, usiku, na ndoa haikufungwa. Na ukoo wake yeye? Alinyamaza kidogo, akasema kwamba wao husifiwa kwamba walikuwa mashujaa wa vita. Hakuna aliyewahi kumwambia mateka wa vita hivyo walikwenda wapi.

Haya ndiyo tuliyoyabeba kutoka Mji Mkongwe, na wala hayako Mji Mkongwe tu. Misafara haikuanzia baharini. Ilianzia kwetu, na mara nyingi waliokamata walizungumza lugha za jirani zetu, au zetu wenyewe. Soko lilikuwa Mkunazini, ila deni, vita na tamaa vilikuwa Unyanyembe, Ujiji, Nyasa. Tukipata upadre, na Mungu akipenda, tutaandikisha ndoa. Tutasoma matangazo mara tatu. Itatupasa kujua kwamba kuna soko ambalo bado halijafungwa, linaendeshwa na wazee wema wa jumuiya wanaosali rozari kila jioni. Paulo alipomrudisha Onesimo kwa Filemoni hakuandika barua ya kanuni kwa Kanisa zima. Aliandika kwa mtu mmoja, akalitaja jina, akaomba apokewe kama ndugu. Barua ile ni fupi kuliko makala haya na hatujawahi kusikia homilia juu yake.

Mmoja wa marafiki zetu, tulipomwonyesha rasimu, alisema mambo haya yanachochea. Alisema Waislamu na Wakristo wanaishi vizuri, yaliyopita yaachwe yalale. Tunamwelewa, na tungekubaliana naye kama yangekuwa yamelala. Yanazunguka kwenye makundi ya WhatsApp kila wiki, yakisimuliwa na watu wasio na lile neno "nasikia". Mtakatifu Yohane Paulo II alikwenda Gorée, Senegal, mwaka 1992, na pale mahali penyewe akaomba msamaha kwa dhambi ya Wakristo walioshiriki. Hakuwapa wengine sehemu yao ya lawama kwanza ndipo aseme ya kwetu.

Kwa hiyo paroko anayeandaa basi na boti kwa ajili ya kwaya yake, tunamwomba asiweke Mji Mkongwe kati ya chakula cha mchana na ufukwe. Apange asubuhi nzima. Watu wawe wachache, kumi au kumi na wawili, maana kundi la watu hamsini kichochoroni halisikii kitu na linawafungia wenyeji njia. Wavae kwa heshima, wakwepe saa za sala ya Ijumaa. Mwongozaji awe mwenyeji, alipwe alichotaja, na yeye ndiye azungumze. Tumewaona makatekista wakimnyang'anya mwongozaji maneno ili wahubiri. Kabla ya kwenda, wajue angalau nani alijenga Minara Miwili. Na wakifika Mkunazini, simu zibaki mifukoni.

Mwezi wa Novemba, kama desturi, kila mmoja wetu huandika majina ya marehemu wake kwenye karatasi inayowekwa chini ya altare. Mwenzetu wa Nyasa alitujia akiwa na swali la kisheria: je, anaweza kumwandika mtu ambaye si Mkristo na ambaye jina lake la kwanza halijulikani? Tulimpeleka kwa padre mlezi. Padre aliuliza habari ilivyokuwa, akasikiliza, akampa kalamu. Chini ya majina ya babu zake, wale mashujaa wa vita, ameandika: mama yake bibi wa mzee wetu wa Unguja, wa upande wowote wa ziwa.